Siku moja kwenye benchi la mikojo

Mtaani kwangu kuna vijana wananiita "daktari wa mikojo". Zamani ilikuwa inaniuma, siku hizi naitika. Mimi ni mtu wa maabara, hospitali ya wilaya huku Kanda ya Ziwa, na wiki hii tena nimepangwa benchi la mkojo na choo, lile ambalo ratiba ikibandikwa ukutani kila mtu anaomba asijikute yeye.

Saa 11 alfajiri niko macho, naandaa wanangu, napanda daladala mbili, saa 1 na nusu nimeshavaa koti, nimeandika joto la friji na nimewasha mashine ya kemia. Hayo hayana stori.

Saa 2 kamili dirishani kuna bibi na mjukuu wake wa miaka mitano. Hawa ni wateja wangu, wiki ya pili sasa tunaonana kila siku. "Shikamoo bibi." "Marahaba mwanangu, nimekuletea ule wa kuamkia, hajanywa hata maji." Kopo limeviringishwa kwenye khanga kama yai. Huyu mtoto ana nefrotiki, figo zinavujisha protini kwenye mkojo na mwili unavimba. Miezi kadhaa nyuma alianza kuamka macho yamevimba, duka la dawa wakampa dawa ya aleji, jioni uvimbe ukawa unashuka miguuni, asubuhi unarudi usoni, jirani akasema kwashakoo, mwingine akasema minyoo, mjomba akasema katupiwa kitu. Alipofika kwetu tumbo lilishajaa na korodani zimevimba hawezi kutembea vizuri. Stripu (kile kijikaratasi cha kupimia) niliyochovya kwenye mkojo wake siku ile ilitoka rangi ya kijani cha bluu, 4+, yaani protini nyingi mno, sijawahi kuisahau.

Akaanzishiwa predinisoloni, dawa ya steroidi, akatulia. Halafu mashavu yakaanza kujaa (hiyo dawa ndivyo inavyofanya), mtu akamwambia bibi "dawa ndiyo inamvimbisha mtoto", bibi akaiachisha ghafla, wiki chache tu povu likarudi kwenye mkojo. Simlaumu kwa kweli. Mtoto umempeleka kwa ajili ya kuvimba, unapewa dawa, mashavu yanavimba, nani asingeogopa? Ila dawa hii haikatwi hivyo, inashushwa taratibu na daktari, na watoto wengi wa umri wake inawatuliza kabisa hata kama ugonjwa huwa na tabia ya kurudi.

Basi nachovya, nahesabu sekunde 60, dogo kashika ukingo wa dirisha anahesabu na mimi, akifika 29 anaruka kwenda 40. Juzi ilikuwa 2+, jana 1+. Leo kile kijisehemu cha protini kwenye stripu kimebaki njano, yaani haijaonekana. Nimemwambia bibi hii ni siku ya kwanza, tunataka siku tatu mfululizo ndiyo daktari aseme ametulia, na dawa inaendelea vilevile, na akipata homa au tumbo likamuuma asisubiri kesho amlete hata usiku, maana protini inapovuja hivi inatoka pia na kinga ya mwili. Bibi anaitikia tu "eeh, eeh" huku anakitazama kile kistripu. Akaniomba aende nacho nyumbani. Nikakataa, ni taka za maabara, lakini roho iliniuma.

Kuanzia hapo ni makopo. Wajawazito, UTI, kichocho (huku kwetu ziwani hakikosekani), kopo la mtu aliyeweka chai ili tu apate majibu aende kazini, ndiyo, yapo hayo.

Saa 5 hivi akaja mzee wangu wa leo.

Ni fundi seremala, miaka hamsini na kitu, miguu imevimba ukibonyeza kidole shimo linabaki, mke wake nyuma kabeba mkoba. Daktari aliagiza mkojo wa saa 24. Mzee kaweka dumu la lita tano dirishani puu, watu wote wamegeuka. Nikaliangalia. Dumu la mafuta ya kula, mafuta yenyewe bado yanaelea juu, na mkojo umefika robo.

"Baba shikamoo, huu ni wa siku nzima?" "Wa siku nzima." "Na wa usiku?" Kimya. Mke anaangalia pembeni. "Wa usiku haupo, nyumbani kuna wageni, wakwe zangu, unataka niamke usiku na dumu kama nakwenda kisimani?" Foleni nzima ikacheka, na hapo ndipo nilipokosea maana na mimi nilicheka, mzee akapanda juu, mara ooh nyie watoto wa siku hizi mnadharau, mara hii ni mara ya tatu narudishwa, mara ya kwanza mliniambia niende na njaa, mara ya pili mashine haina dawa, leo mkojo wangu mwenyewe mnaukataa, kwani mnataka nikojoe mkojo wa nani, na nauli ya bodaboda kila siku nani analipa, na kazi ya watu ya vitanda viwili imelala, na yote hayo anayasema akiwa amejishika kwenye ukingo wa dirisha kwa sababu miguu haimruhusu kusimama muda mrefu. Ana haki, ndiyo kinachochosha. Kuna njia fupi, kikopo kimoja tu unapima protini na kreatinini (taka ya mwili inayotoka na mkojo) unalinganisha, ila vitendanishi vyake, dawa za kupimia, vimeisha kwetu na sijui vinakuja lini. Na mimi nikimpokelea hilo dumu majibu yatatoka madogo. Kwa mtu mzima daktari anatafuta kama zinapita gramu 3.5 kwa siku, ukimwaga mkojo wa usiku unamwambia figo zako zina nafuu kumbe hazina.

Maneno hayakuingia. Sasa stripu nazo zimebaki chache nazibania kwa watoto wa wodini, nikamwambia baba kojoa kidogo kwenye hiki kikopo uone mwenyewe. Nikajaza tyubu ya kioo robo tatu, nikawasha spirit lampu, nikapasha ile sehemu ya juu tu. Hii njia ni ya kizamani, daktari Richard Bright wa London aliandika mwaka 1827 kuhusu watu waliovimba ambao mkojo wao ukipashwa moto unaganda, wao walitumia kijiko na mshumaa. Chini mkojo wa mzee ulibaki wa kawaida, juu ukaanza kufifia, ukawa ukungu, halafu mweupe pe kama ute wa yai unapogusa kikaango. Nikaongeza matone ya asidi ya siki, maana mweupe mwingine ni chumvichumvi tu unayeyuka. Huu haukuyeyuka.

Mzee akainama mpaka pua inagusa kioo cha dirisha. "Hiyo ni nini?" Nikamwambia ndiyo nyama, mayai na maharage unayokula baba, protini, ilitakiwa ibaki kwenye damu ishikilie maji yasitoke kwenye mishipa, figo ni kama chujio la chai, lako matundu yamepanuka. Maji unayoyaona miguuni yametoka humo. Hakujibu. Mkewe ndiye aliyeuliza, "Kwa hiyo nimuongezee mayai?" Hapana mama, hata ukimlisha trei nzima inavuja tu, punguza chumvi, hasa kayabo, wale samaki wa chumvi. Hapo mzee akanitazama kwa hasira mpya kabisa, kumbe kayabo ndiyo mboga yake.

Damu yake nilizungusha kwenye mashine mchana, sikumbuki saa ngapi, nilikuwa sijala. Seramu, yale maji ya damu yanayobaki juu, badala ya kuwa njano angavu imetoka nyeupe kama maziwa, mafuta matupu, ini linapohangaika kufidia protini linamwaga na mafuta. Albumini, protini kuu ya damu, gramu 16 kwa lita, wakati inatakiwa angalau 35. Bado kuna sukari, homa ya ini B, VVU, vyote daktari kaandika, kwa sababu mtu mzima akipata hii lazima utafute kilichoileta, na huenda akapelekwa rufaa wakachukue kinyama cha figo. Mtoto wa bibi hakuhitaji hayo yote.

Mzee nilimpa madumu mawili safi na, kinyume cha taratibu, namba yangu ya simu. Nikaandika kwenye karatasi: ule wa kuamkia mwaga, kisha kusanya YOTE mpaka wa kuamkia kesho yake, weka pa baridi.

Makopo ya jioni, wodi ya watoto, kuosha, rejista. Mgongo. Daladala nimesimama.

Saa 3 usiku naepua ugali, simu inaita namba ngeni. Sauti ya chini chini, kama mtu aliyejificha.

"Binti, samahani. Ule wa kwanza, namwaga au simwagi?"

"Mwaga baba."

"Wote?"