Kina cha maji kwenye boila kinapodanganya

Mzigo wa boila, yaani mahitaji ya stimu, ukipanda ghafla, stimu inavutwa kwa wingi, presha ndani ya dramu (tangi ambamo stimu hutengana na maji) inashuka na mapovu yaliyomo majini yanavimba. Kina kinaonekana kupanda, ilhali maji yenyewe yanapungua! Kidhibiti kinachotazama kina peke yake kitabana vali ya maji wakati boila inayahitaji zaidi. Mapovu yakitulia, kina kinaporomoka na boila inajizima.

Ndiyo maana nasisitiza: pima stimu inayotoka. Zikitoka tani 20 kwa saa, na 2% ya maji yanayoingia humwagwa kutoa chumvi, agiza tani 20.4 za maji papo hapo, bila kusubiri kina kibadilike. Kazi ya kina ni kusahihisha polepole makosa yaliyobaki.

Rekebisha kwanza kidhibiti cha mtiririko wa maji, kiitike haraka. Cha kina kifuate, kikiitika polepole zaidi mara kadhaa. Mzigo ukishuka hadi robo, usiamini kipimo cha stimu cha bamba lenye tundu: tofauti ya presha kati ya pande mbili za bamba, ambayo ndiyo kinayopima, imebaki 1/16 tu ya kiwango chake cha juu. Hapo rudi kwenye kina peke yake.