Kiganja cha Baba kilivyokuwa uwanja wa tenisi

Usiku wa tarehe 30 Desemba 2018 nilishindwa kabisa. Nilikuwa na Baba ndani ya RAC Arena, Perth, tukihudhuria Hopman Cup, mashindano ya tenisi ya mataifa, Uswisi dhidi ya Uingereza. Kila nilipofungua mdomo kumweleza kinachoendelea, mama mmoja wa safu ya mbele aligeuka. Mara ya tatu akaweka kidole mdomoni. Alikuwa na haki yake. Kwenye tenisi watu hunyamaza mpira ukichezwa, na ukumbi wa watu maelfu ukinyamaza, hata mnong'ono unafika mbali. Roger Federer wa Uswisi alimfunga Cameron Norrie wa Uingereza seti mbili, 6-1, 6-1, na Baba akaambulia matokeo tu, kama vile angebaki nyumbani akasubiri taarifa ya habari.

Baba ana presha ya macho. Wakati ule jicho la kushoto lilikuwa limeshazima, la kulia limebakiza mwanga na vivuli. Alikuja kunitembelea kutoka Tanga, safari ndefu ya kupitia Dar es Salaam na Doha, na tiketi nilizinunua miezi kabla kwa sababu najua tenisi ni nini kwake. Akiwa na miaka kumi, enzi za mkoloni, alikuwa muokota mipira kwenye klabu ya wazungu. Uwanjani hakuruhusiwa kukanyaga ila kuokota. Mchezo aliujua kwa macho na kwa masikio, na masikio hayo bado anayo.

Ndani ya treni kurudi nyumbani aliniambia, "Mwanangu, mpira nausikia vizuri sana. Sijui tu nani kapiga, na umeanguka wapi."

Sentensi hiyo ndiyo iliyonifungua. Usiku kucha nilikuwa nikimpa alama, kumi na tano bila, thelathini bila, kumbe alama mwamuzi alishazitangaza na Baba alishazisikia. Alichokikosa ni nani na wapi.

Kesho yake, mkesha wa mwaka mpya, tulikaa mezani jikoni na televisheni imewashwa. Nikamwomba mkono wa kulia, kiganja juu. Ule mstari unaokikata kiganja chini ya vidole tukaufanya wavu. Kuelekea kifundo cha mkono ni Uswisi, kuelekea vidoleni ni Marekani, maana ndio waliokuwa wanakutana siku inayofuata. Hata wakibadilishana upande uwanjani, kiganjani hawahami. Mwanamume nitamgusia kwa dole gumba, mwanamke kwa kidole cha shahada.

Mwanzoni nilikuwa naufuata mpira. Haiwezekani. Mpira unakwenda na kurudi kabla kidole hakijavuka wavu, nikawa namkwaruza tu. Baba akanisimamisha: "Usiufuate. Nibonyeze pale ulipotua, basi." Hapo mambo yakanyooka. Mguso mmoja kwa kila mpira. Ukitoka nje, kidole kinateleza mpaka ukingoni mwa kiganja. Ukinasa wavuni, namkandamiza kwa ukucha juu ya mstari. Pointi ikiisha, napapasa mara moja upande ulioshinda. Tulirudia kwa saa mbili hivi mpaka chai ikapoa, na kufikia magharibi Baba alikuwa ananiambia aliyeshinda pointi kabla sijampapasa.

Kwa asiyeyajua mashindano haya: Hopman Cup yalianza Perth mwaka 1989, yakapewa jina la Harry Hopman, nahodha aliyeiongoza Australia kutwaa Davis Cup, kombe la mataifa la wanaume, mara 16. Mwaka ule yalikuwa mataifa manane. Kila taifa linaleta mwanamume mmoja na mwanamke mmoja. Wanaume wanapambana, wanawake wanapambana, kisha wote wanne wanaingia uwanjani pamoja, na mechi hiyo ya mchanganyiko ina uzito uleule wa zile mbili. Ndiyo maana nayapenda kuliko mashindano mengine yote ya tenisi. Mwanamke hapambi orodha. Taifa linaweza kushinda au kushindwa mkononi mwake.

Tarehe 1 Januari 2019 ukumbi ulijaa, zaidi ya watu 14,000. Federer alianza na Frances Tiafoe, kijana wa Marekani wa miaka 20. Nilipomweleza Baba habari za Tiafoe, akatulia. Wazazi wake walitoka Sierra Leone, na baba yake alikuwa fundi wa matengenezo kwenye kituo cha tenisi kule Maryland, Marekani. Mtoto akakulia humohumo, wakilala kwenye chumba cha ofisi kisichotumika, raketi mkononi tangu mdogo. Baba akasema, "Huyo wangu." Mechi nzima alikuwa upande wa vidoleni. Federer alishinda 6-4, 6-1, na kila nilipopapasa upande wa kifundo Baba aliguna kama aliyekanyaga mwiba.

Kisha Serena Williams wa Marekani akatoka nyuma kumfunga Belinda Bencic wa Uswisi 4-6, 6-4, 6-3. Uswisi moja, Marekani moja. Kila kitu kikabaki kwa mchanganyiko.

Hapo ndipo nilipotetemeka. Federer na Serena walikuwa hawajawahi kukutana uwanjani. Wote walikuwa na miaka 37, Federer na mataji 20 ya mmoja mmoja ya Grand Slam, yale mashindano manne makubwa ya tenisi, Serena 23. Mimi nilikuwa na kiganja kimoja na watu wanne wa kuwaweka humo. Gemu ya kwanza ilinichanganya. Baba akaninong'oneza katikati ya pointi mbili, "Aliyesimama wavuni ni nani?" Swali la muokota mipira hilo. Kwenye mchezo wa wawili kwa wawili, anayesimama wavuni ndiye anayemfanya mpigaji abadili mawazo, hata asipougusa mpira. Mimi nilikuwa namsahau kwa sababu hapigi.

Nikaongeza mkono wangu wa kushoto. Kabla ya mpira kuanzishwa, nilitua kidole kimoja karibu na mstari, mahali aliposimama mwenzake anayeanzisha, nikakiacha hapo. Dole gumba likitulia pale, ni Tiafoe, maana yake Serena ndiye anayeanzisha. Baba alikaza mkono.

Serena akaanzisha. Mlio ulikuwa mmoja, mkavu, na kiganja cha Baba kikaruka kabla sijagusa chochote. "Huyo mama," alisema, si kwa mnong'ono, lakini makofi yalikuwa yameshaanza na hakuna aliyegeuka.

Federer alipoukata mpira kwa bekihendi, pigo la mgongo wa mkono, Baba alitangulia tena. Mpira wa kukatwa una sauti nyepesi, kama kitambaa kinachochanwa, na ukidunda haunyanyuki. Kila mara alitikisa kichwa kidogo, "kakata," nami kidole changu kikafika kimechelewa. Hata sikujali. Nilikuwa nimejiandaa kumsimulia, na sasa tulikuwa tunasimuliana.

Mechi ya mchanganyiko ilichezwa kwa seti fupi za gemu nne badala ya sita. Uswisi wakashinda 4-2, 4-3, seti ya pili kwa taibreki, gemu ya kuamua wakifungana. Baada ya hapo Federer na Serena walipiga picha ya pamoja kwa simu, palepale uwanjani, ukumbi mzima umesimama. Picha sikujua nitaichoraje, nikamwambia kwa mdomo tu. Siku chache baadaye Uswisi waliwafunga Ujerumani kwenye fainali, Federer akawa mtu wa kwanza kutwaa Hopman Cup mara tatu. Baada ya mwaka ule mashindano hayo yaliondoka Perth.

Siku hizi tuna United Cup, Perth na Sydney, nayo ni timu ya wanaume na wanawake. Perth iko mbele ya Tanzania kwa saa tano, kwa hiyo mechi za jioni huku zinafika Tanga mchana. Dada yangu ndiye anayekaa na Baba sasa mbele ya televisheni. Nilimfundisha kwa simu ya video, kiganja chake kwenye kioo na changu huku. Fainali ya 2024, Ujerumani na Poland, iliamuliwa na mchanganyiko, na dada alinipigia mara baada ya pointi ya mwisho kulalamika kwamba kidole kinamuuma.

Lakini usiku ule wa 2019, ndani ya treni, Baba alinyamaza vituo viwili. Kisha akauvuta mkono wangu, akaukunjua kiganja, akatua dole gumba lake karibu na mstari na kuliacha hapo. Kwa mkono mwingine akabonyeza mara moja tu, kwa kidole cha shahada, mbali kwenye kona.

"Nambie hiyo ni ipi."

Nilijua. Nilimfanya arudie mara mbili.