Nilivyotoka kwenye bendi ya harusi hadi runingani

Kisumu wengi wananijua kwa sauti. Nimeimba miaka na miaka na bendi ya harusi na matanga, kuanzia Ahero hadi Siaya. Siku hizi wananiona kwenye tamthilia na kuniuliza nilianzaje.

Kazi kubwa ilikuwa kuacha mazoea ya jukwaani. Mwimbaji humlenga mtu wa mwisho kabisa, yule aliyesimama nje ya hema na sahani yake ya pilau. Mkono unanyooka, macho yanatoka, uso mzima unacheka. Mbele ya kamera, nyusi ikipanda kidogo tu, kwenye skrini ni vurugu. Mwelekezaji wangu wa kwanza aligusa lenzi akasema, "Dada, leo hadhira yako ni mtu mmoja, na ameketi hapa." Basi nyumbani nikawa naegemeza simu kwenye kabati, najirekodi nikisema maneno yangu, kisha natazama bila sauti. Nikiona uso unapiga kelele, napunguza na kurudia.

Pumzi na sikio vilinifaa. Narekodi maneno ya mwigizaji mwenzangu, naacha nafasi za majibu yangu, nasikiliza ndani ya matatu. Ila skripti siikariri kwa mahadhi. Mwenzako akibadilisha namna ya kusema, wewe utabaki unaimba wimbo wako peke yako. Naikariri kavukavu nikiosha vyombo. Hisia zitakuja tukitazamana.

Halafu picha hazirekodiwi kwa mpangilio wa hadithi. Asubuhi unamlilia marehemu, alasiri unagombana naye yu hai. Kando ya kila onyesho naandika mhusika wangu anajua nini kufikia hapo, na nini bado hajaambiwa.

Wengi hunitajia Jennifer Hudson, mwimbaji wa Marekani aliyeondolewa kwenye shindano la uimbaji la American Idol mwaka 2004, na kufikia 2007 akawa ameshinda Oscar kwa filamu ya Dreamgirls. Sawa, lakini mle aliigiza mwimbaji, na sauti yake ilimbeba. Mimi namtazama zaidi Sanaipei Tande wetu, aliyeibuka 2004 katika shindano la uimbaji la Coca-Cola Popstars na kundi la Sema, kisha baadaye akaonekana katika tamthilia ya Kina. Nami nilikuwa nikipewa mwimbaji wa baa kila mara. Nikaomba nisikilizwe kwa nafasi isiyo na wimbo hata mmoja, nikapata muuguzi wa zahanati, mkali kama pilipili. Hapo ndipo waelekezaji wengine walianza kunipigia.

Bendi sijaiacha. Harusini unatunzwa papo hapo, noti zinabandikwa kwenye paji la uso. Malipo ya runinga huweza kuchukua miezi. Kwa hivyo kabla ya kutia sahihi nauliza tarehe ya malipo, naomba iandikwe kwenye mkataba, na Jumamosi naziacha wazi kwa ajili ya harusi.