Mjomba na pete za Rujewa

Umeme ulikatika juzi, huyu wangu wa mwisho akiwa katikati ya kuchora. Kimya kidogo, kisha sauti gizani: "Mama, rangi zimekwenda wapi?" Nikamwambia zimo humo humo kwenye boksi. Akasema hazimo, yeye anaangalia.

Angemwuliza Mjomba, angejibiwa papo hapo. Mnamfahamu, yule wa studio ya picha ya Mwanjelwa, Mbeya. Kitu hakina rangi yake, angesema, kinakopeshwa na mwanga. Taa ikizimwa, deni linarudi kwa mwenyewe. Hiyo ndiyo falsafa yake. Hakuisomea popote. Aliiokoteza kwenye chumba cha giza, miaka ile ya kusafisha picha kwa taa nyekundu, kisha akaitungia silsila, mnyororo wa walimu, kama ya masheikh: ilianzia Basra, ikapita Kairo na Halab ya Syria, ikavuka bahari hadi kwa bwana mmoja aliyemfundisha kazi ya picha, halafu yeye. Ukiuliza kati ya Halab na Mbeya walikuwepo akina nani, anakohoa. Maadui zake ni Wayunani wa kale, akina Euclid, waliofundisha kwamba miali hutoka jichoni kwenda kuvifuata vitu. Anawaita watu wa tochi. "Jicho haliendi popote," husema. "Jicho linapokea wageni."

Kufikia 2016 simu zilikuwa zimeshaimaliza studio, wamebaki wateja wa pasipoti tu. Ndipo ikatangazwa kwamba tarehe 1 Septemba jua litapatwa, na pa kuonea vizuri ni Rujewa, wilayani Mbarali. Mjomba akafunga duka, akanibeba na mimi. Basi lilijaa, Igurusi, Chimala, vumbi, tukafika. Watu walikuwa wengi: wanafunzi, wageni na darubini zao, wauza karanga, na kila mmoja anaulizia miwani ya karatasi. Mjomba alipopata zake akazitia mfukoni. "Twende kwenye mwembe," akasema. Nimetoka Mbeya yote hiyo kuangalia jua, naambiwa nikaangalie kivuli.

Kuelekea saa sita mchana mwanga ulikuwa umepauka. Si wa jioni, maana wa jioni una wekundu. Huu ulikuwa wa kijivu, umepoa, na kivuli cha mkono wangu kilionyesha hata vinyweleo. Chini ya mwembe yale madoa ya mwanga yanayopenya kwenye majani, ambayo siku zote ni mviringo na hakuna anayeyajali, yalikuwa yamegeuka hilali. Mamia, zote zimeelekea upande mmoja. Mjomba akanitolea miwani: "Haya, tazama juu, kisha tazama chini." Juu jua lilikuwa limemegwa upande huu, chini limemegwa upande wa pili. Kila kitundu kati ya majani kilikuwa kinapindua jua kama kamera yake ya zamani.

Halafu ncha za hilali zikakutana. Zikawa pete. Pete kwenye vumbi, kwenye shati jeupe la Mjomba, kwenye sinia la karanga, mgongoni mwa mama mmoja aliyebeba mtoto, na mtoto mwenyewe pete shavuni. Nikanyoosha mkono zikanijaa hadi kwenye kiwiko. Nikausogeza mkono, pete hazikusogea, zilibaki zilipo nami nikawa ninapita chini yake. Mjomba akapishanisha vidole vyake na vya mkono wa pili, akatengeneza nyavu ndogo, akanimwagia pete nyingine kwenye kiganja. Hakusema neno, yeye ambaye hata msibani huzungumza. Uwanjani watu walikuwa wanapiga kelele na kupiga picha angani. Dakika tatu hivi, pete zikakatika upande, zikarudi kuwa hilali.

Ile silsila niliipekua baadaye. Nusu yake ni kweli. Ibn al-Haytham, mwanazuoni wa mwanga, alizaliwa Basra akaishi Kairo, ndiye aliyewabana watu wa tochi kwa hoja, tena ana risala nzima juu ya umbo la jua lililopatwa: tundu likiwa dogo utaona hilali, likiwa pana utaona mviringo wa kawaida tu. Suhrawardi naye yupo, alijenga falsafa yote juu ya nuru, akauawa Halab mwaka 1191 hajafika arobaini. Ila hawa wawili si wa chuo kimoja. Mmoja alihangaika na miali na vitundu, mwingine na nuru inayomulika nafsi. Aliyewafungisha ndoa ni Mjomba, na sijui kama alikosea. Wengi wenye falsafa zilizoandikwa nadhani walianza hivyo hivyo.

Wakati wa kuondoka, Mjomba alishapata hadhira ya wanafunzi pale pale chini ya mwembe, anawapa somo la mwanga na deni. Kijana mmoja akainua mkono. "Shikamoo mzee. Na asiyeona je? Kwake vitu havipo?"

"Marahaba. Swali zuri," akasema Mjomba, akaangalia saa, akadai basi linatuacha. Halikuwa linatuacha. Tulikaa stendi hadi alasiri.

Sasa hivi ana mtoto wa jicho, macho yote mawili, na upasuaji anaukwepa. Baada ya lile la rangi nilimpigia simu, nikamkumbusha yule kijana wa Rujewa na swali lake. Akacheka. Akasema jibu analo siku nyingi, ila la kuelezwa ana kwa ana, na kwanza nitume ya kutolea.