Karani wa msimu usioisha: nilivyodai ajira yangu AMCOS

Msimu wa sita wa ukarani wangu nikaandikia bodi ya AMCOS, chama chetu cha ushirika cha wakulima, barua kuomba mkataba wa kudumu. Nikajibiwa kwa maandishi, muhuri juu: wewe ni kibarua wa msimu, korosho ikiisha na kazi imeisha. Walidhani wamenikomesha. Barua ile ndiyo ilikuja kuwa tarehe ya mgogoro kwenye fomu namba moja ya CMA, tume ya migogoro ya kazi, kwa hiyo wewe pia omba jibu la karatasi, usikubali la mdomo.

Mjuzi mmoja hapa Tandahimba akanishauri niende kwa Mrajis wa Vyama vya Ushirika. Hasara tupu. Mrajis anashughulika na chama na wanachama wake. Mwajiri na mwajiriwa wanapelekana Tume ya Usuluhishi na Uamuzi, yaani hiyo CMA. Nakuja kushtuka, siku 41 zimeteketea. Madai kama yangu yana siku 60, na aliyeachishwa kazi ana 30 tu. Zikipita unaanza kuomba kwanza kuongezewa muda, na kisingizio cha "nilikuwa nazungushwa" hakina nguvu.

Kufungua hakulipiwi. Nauli ya Mtwara mjini na fotokopi vilinila kama elfu sabini, sikuandika. Nakala ya fomu mpelekee mwajiri, asaini kwamba amepokea, urudishe ushahidi huo Tume.

Sasa utamu. Bodi walitegea neno "msimu": Oktoba mpaka Januari, basi. Mimi nikajiuliza, salfa, ile dawa ya mikorosho, ya Mei hadi Julai aliigawa nani? Ufuta wa Juni nani aliupima? Na mbaazi za Agosti zilipokwenda ghala kuu kwa stakabadhi, nani alisaini? Vitabu vya chama sikuvigusa, maana ukikutwa navyo wewe ndiye unageuka mshtakiwa. Nikapita kwa wakulima, kila mmoja ana risiti zake. Mama mmoja alinitolea za miaka minne, kazihifadhi ndani ya mfuko mtupu wa salfa, zinanuka kweli kweli, sahihi yangu kila karatasi. Nikapiga nakala, nikazipanga kwa miezi. Kati ya miezi 12 ulikosekana Machi peke yake.

Tena usihangaike kwamba hukupewa mkataba. Mwajiri akishindwa kuonyesha mkataba au maelezo ya kazi ya maandishi, mzigo wa kuthibitisha masharti ya ajira unamwangukia yeye. Na kifungu cha 61 cha Sheria ya Taasisi za Kazi ya 2004 kinataja vigezo, kimojawapo kikitimia unachukuliwa kuwa mwajiriwa mpaka ithibitishwe vingine: wanakupangia saa, wanakupa vifaa (mizani na muhuri vilikuwa vyao), au umefanya kwa wastani saa 45 kwa mwezi katika miezi mitatu ya mwisho. Mlinzi wa ghala anazivuka kwa zamu nne za usiku.

Michango ya NSSF, mfuko wa hifadhi ya jamii, isiyowasilishwa niliipeleka NSSF wenyewe. Hela ile inaingia kwenye akaunti yako ya uanachama, kwa hiyo usiichanganye na jumla unayodai mkononi.

Kikao cha pili cha usuluhishi wakalegea, wakaja na rasimu: "chama kitamfikiria baada ya mkutano mkuu." Nikakataa. Makubaliano yaliyosainiwa mbele ya msuluhishi yanakazwa kama hukumu ya mahakama, lakini "kumfikiria" utakikazaje? Nikataka yaandikwe cheo, mshahara, na tarehe ya kuanza kazi iwe ile ya msimu wa kwanza, kwa sababu kiinua mgongo kinahesabiwa siku 7 za mshahara kwa kila mwaka uliotimia, mwisho miaka 10. Wakasaini.

Mwenyekiti akaniuliza, "Haya, na huo Machi chama kikulipe kwa kazi gani?"

"Likizo, mzee. Siku 28."