Jinsi Nilivyothibitisha Kwamba Nilianza Kufundisha Mwaka 2009

Nilianza kufundisha katika shule moja ya msingi ya kibinafsi mjini Nakuru, Kenya, mwezi wa Mei 2009, lakini barua ya ajira niliipata Februari 2014. Katika kipindi hicho chote nilikuwa na darasa langu, nilishika zamu kama wenzangu na nililipwa kila mwisho wa mwezi, kwa hiyo sikuona haja ya kumsumbua mkurugenzi kwa ajili ya karatasi. Uzembe huo ulinigharimu Desemba 2023.

Mtihani wa mwisho wa KCPE, ule wa kumaliza darasa la nane katika mtaala wa zamani, ulikuwa umekwisha kufanywa, darasa la nane halikuwapo tena, na shule yetu haikuwa na maabara wala kibali cha kufungua sekondari msingi, yaani gredi ya saba hadi ya tisa za mtaala mpya. Kati ya walimu 6 wa madarasa ya juu, 2 tuliandikiwa barua za tarehe 11 Desemba kwamba kazi yetu ingekoma tarehe 31. Orodha ya ukongwe kazini, iliyotumiwa kuchagua wa kuondoka, ilikuwa imepangwa kufuata tarehe za barua za ajira, nami nikawa wa 5, nyuma ya walimu watatu niliowapokea mwenyewe walipokuja wageni.

Sikukimbilia wakili, kwa sababu sikuwa na fedha. Nilisoma kifungu cha 40 cha Sheria ya Ajira ya mwaka 2007, nikaona kwamba mwajiri anayepunguza wafanyakazi hana budi kutoa notisi ya maandishi ya mwezi mmoja au zaidi, amjulishe afisa wa kazi wa serikali, na katika kuchagua wa kuondoka azingatie muda wa utumishi pamoja na ujuzi, uwezo na kutegemeka kwa kila mmoja. Sheria inataja muda wa utumishi. Tarehe ya barua haimo.

Kilichobaki kilikuwa ushahidi. Taarifa yangu ya NSSF, mfuko wa taifa wa akiba ya uzeeni ambao mwajiri humchangia mfanyakazi, ilionyesha michango ya shule hiyo kuanzia Januari 2010, nayo ikaniachia pengo la miezi minane. Siku mbili nilipekua sanduku la bati nilimohifadhi vitabu vya zamani, hadi nikapata azimio la kazi, yaani mpango wa kufundisha, la Kiswahili la muhula wa pili, 2009. Kingo zake zilikuwa zimeliwa na wadudu, lakini sahihi ya mwalimu mkuu wa wakati huo ilikuwapo kwa wino mwekundu, na chini yake muhuri wa zambarau wa shule, tarehe 26 Mei 2009.

Nilipeleka nakala katika ofisi ya kazi hapa Nakuru, nikabaki na karatasi halisi. Afisa aliyenihudumia alimwandikia mkurugenzi, na mwezi wa Januari tukaketi watatu mezani.

“Kabla ya barua, mwalimu huyu alikuwa kibarua tu,” mkurugenzi alisema.

“Kibarua wa karibu miaka mitano?” afisa akamuuliza, kisha akamweleza kwamba kwa kifungu cha 37 kazi ya kibarua inayoendelea mfululizo hugeuka kuwa ajira ya kawaida, na kwamba mwajiri asipoweza kutoa mkataba wa maandishi, mzigo wa kuthibitisha au kukanusha masharti yanayodaiwa humwangukia yeye. Mkurugenzi aliutazama muhuri kwa muda mrefu. Alikubali kuziondoa barua zile za Desemba na kupanga orodha upya kwa siku halisi za kuanza kazi.

Nikawa wa 2. Aliyeshuka hadi nafasi ya 5 ni jirani yangu wa meza katika chumba cha walimu, mwalimu wa hisabati ambaye, nikisema kweli, anafundisha vizuri kuliko mimi. Nilitaraji angeninunia. Badala yake, alipopata notisi yake, iliyotimiza mwezi na kuishia tarehe 29 Februari 2024, alikuja na simu mkononi akasema, “Dada, hebu nionyeshe ulivyoipata ile taarifa ya NSSF.”

Tuliifungua pamoja. Barua yake ya ajira ilikuwa ya Mei 2013, ilhali michango ilianza Januari mwaka huo. Fidia ya kupunguzwa haipungui malipo ya siku 15 kwa kila mwaka uliotimia, kwa hiyo miaka yake 10 ikawa 11, na siku 150 zikawa 165. Jioni hiyo hiyo tuliandika barua ya kudai siku 15 zilizosalia, naye akaipeleka kwa mkurugenzi asubuhi.