Nilivyoutafuta Ukoo wa Bibi Yangu Mwaborijini

Baba yangu ni mtu wa Tanga, na kwa upande wake sijawahi kukosa jibu nikiulizwa sisi ni wa akina nani. Kwa upande wa mama, Mwaborijini (yaani wa wenyeji wa asili wa Australia) aliyezaliwa Sydney, jibu liliishia kwa bibi, ambaye aliondolewa kwa wazazi wake mwaka 1926 akiwa mtoto mdogo na ambaye hadi anafariki hakuwahi kututajia kwao.

Nilianza na sheria. Sheria ya New South Wales, jimbo lenye mji wa Sydney, ya mwaka 1909, iliporekebishwa mwaka 1915, iliipa Bodi ya Ulinzi wa Waaborijini uwezo wa kumtenga mtoto na wazazi wake bila amri ya mahakama. Wasichana wengi walifundishwa kazi za nyumbani, kisha wakapelekwa kuwa watumishi wa Wazungu, huku sehemu kubwa ya mishahara yao ikishikiliwa na Bodi. Utaratibu wa namna hiyo hauendi bila madaftari, nami nikajua kwamba bibi lazima ameandikwa mahali.

Kumbukumbu hizo hazifunguliwi kwa kila mtu. Niliambatanisha vyeti vya kuzaliwa, changu na cha mama, pamoja na cheti cha kifo cha bibi, nikaomba kama mjukuu. Shirika la Link-Up, ambalo tangu mwaka 1980 linawaunganisha waliochukuliwa na jamaa zao, lilinipa mtu wa kukaa nami siku ya kulisoma jalada, na yeyote atakayefuata njia hii ningemsihi asilisome peke yake. Jina la bibi lilikuwa limeandikwa kwa tahajia tatu tofauti (makarani wa serikali za kikoloni ni wale wale popote), kwa hiyo nilitafuta kwa kufuata matamshi. Sababu iliyoandikwa ni kwamba mtoto alikuwa ametelekezwa. Katika jalada hilo hilo mlikuwa na barua ya baba yake, kwa mwandiko safi, akiomba arudishiwe binti yake.

Barua ile ilitaja makazi yaliyokuwa kando ya mto Lachlan, katika nchi ya Wawiradjuri, mojawapo ya jamii za Waaborijini. Huko, mama mmoja mzee ambaye wote humwita shangazi hakutaka kuona makaratasi yangu; aliniuliza majina ya ndugu za babu mkuu, akanyamaza kidogo, kisha akayamalizia yale nisiyoyajua. Serikali ya Australia humtambua Mwaborijini kwa nasaba, kwa yeye mwenyewe kujitambulisha hivyo, na kwa kukubaliwa na jamii yake. Jalada lilinisaidia katika lile la kwanza tu, na hilo la tatu tulilipata kwa shangazi, ambaye sasa mama humpigia simu kila Jumapili.

Anayetafutwa sasa ni kaka yake bibi, ambaye kwa kumbukumbu ya shangazi alipelekwa kwenye makao ya wavulana. Maombi ya jalada lake tumeyaandika pamoja, mama akiwa mwombaji.